Napiga Magofu Tu, Bibi

Nina picha moja ya Songo Mnara ambayo watu wameisifu sana. Ukuta wa mawe ya matumbawe, mlango wenye upinde, jua la jioni limelala juu yake. Ambacho hawakijui ni kwamba kulikuwa na bibi anapita na ndoo ya pweza, akitokea pwani maji yakiwa yamekupwa. Nilimwamkia, kisha nikamwomba asogee kidogo, maana alikuwa ananiharibia picha. Akasogea. Halafu akauliza, "Sasa hapo unapiga nini, mwanangu?"

"Napiga magofu tu, bibi."

Hiyo "tu" imenirudia wiki hizi nikisoma habari za Leni Riefenstahl. Alianza kama mwigizaji wa filamu za milimani huko Ujerumani, kisha akawa mwongozaji na kumtengenezea Hitler filamu ya mkutano wa chama pale Nuremberg, ikatoka 1935. Baada ya vita alihojiwa sana, na jibu lake halikubadilika hadi alipofariki 2003, akiwa na miaka 101: mimi msanii tu, siasa sikuzijua.

Mwaka 1956 alikuja kwetu huku, Kenya, akitaka kutengeneza filamu ya biashara ya watumwa, iitwe Shehena Nyeusi. Gari lake likapata ajali vibaya, fedha zikakwama, filamu haikukamilika. Sijui kama nisikitike. Mtu aliyelelewa karibu na Kilwa Kivinje, bandari waliyopitishwa watumwa wengi mno karne ya 19, angeitazama hiyo filamu kwa macho gani? Baadaye alikwenda Sudan kuwapiga picha Wanuba, kitabu kikatoka 1973, dunia ikashangilia. Susan Sontag hakushangilia. Mwaka 1975 aliandika kwamba jicho ni lile lile, la kuabudu mwili wenye nguvu.

Mimi si katika wanaosema tusizitazame kazi zake. Filamu yake ya Olimpiki ya Berlin niliitazama mpaka mwisho, na jamani, ni nzuri. Kinachonikera ni kingine. Wakati wa vita, kwa filamu yake ya Tiefland, alichukua Waroma kutoka kambi walimofungiwa ili wawe watu wa nyuma ya mchezo. Wengi waliishia Auschwitz. Yeye akawa anasema amewaona wote wazima baada ya vita, hadi mwaka 2002 alipolazimika kuifuta kauli hiyo, akiwa na miaka mia.

Sasa mfikirie mwigizaji mwingine wa Berlin hiyo hiyo. Mahjub bin Adam Mohamed, maarufu kama Bayume Mohamed Husen, kazaliwa Dar es Salaam 1904, mtoto wa askari, na yeye mwenyewe akaingia vitani upande wa Wajerumani akiwa bado mtoto. Alihamia Berlin 1929. Akauza vinywaji, akafundisha Kiswahili chuoni, akaigiza vijisehemu katika filamu za makoloni, ikiwemo ile ya 1941 ya kumtukuza Carl Peters, huyo ambaye wazee wetu walimwita Mkono wa Damu. Mwaka huo huo akakamatwa kwa sababu ya uhusiano na mwanamke mzungu. Alifia kambi ya Sachsenhausen, Novemba 1944, bila kesi.

Na yeye alishiriki propaganda, tusimpambe. Lakini Leni alipewa karibu miaka sitini ya kujieleza, akaandika kumbukumbu nene, akadanganya umri wake ili apate cheti cha kupiga mbizi, akatoa filamu ya chini ya bahari akitimiza miaka mia. Husen hakupewa hata siku moja ya kusema "nilikuwa naigiza tu."

Najua, kuweka ndoo ya pweza karibu na kambi za Hitler ni kichekesho. Bibi wa watu alirudi zake kijijini, hakudhurika. Ila nimejikuta nikijiuliza kwa nini magofu yalionekana mazuri zaidi bila mtu anayeishi kisiwani.

Nimepekua simu. Ipo picha ya kwanza kabisa, kabla hajasogea. Imetikisika, ndoo imekatwa nusu, na bibi ananitazama moja kwa moja. Nimemtumia mhariri aibadilishe. Bado hajajibu.