Maganda Yana Kwao

Katika boma za wazee wetu hapa Nyeri, maganda ya viazi hayakuwa taka. Mbuzi alikula, ng'ombe akala, na yaliyobaki yakarudi shambani pamoja na samadi. Siku hizi wengi tunaishi orofani, Ruring'u au King'ong'o. Tunanunua viazi na sukuma wiki vilivyotoka soko la Karatina, tunapika, kisha maganda tunayafunga pamoja na plastiki yaende jalalani. Huko yanafukiwa yakikosa hewa na kutoa gesi ya methani, na shamba lililoyazaa haliambulii kitu.

Hilo naliona ni dhuluma. Udongo mwekundu wa miteremko ya Mlima Kenya una rutuba, lakini kila gunia la viazi linaloteremka Nairobi linaondoka na naitrojeni na potasiamu. Pengo tunaliziba kwa mbolea ya dukani. Siipingi, ina kazi yake. Ila mbolea ya DAP ikitiwa miaka nenda miaka rudi huongeza asidi, na wadudu wa udongoni hawashibi kwayo.

Asiye na kiwanja anaweza kufuga nyungunyungu, wale wembamba wekundu wanaopatikana kwenye samadi iliyooza. Chukua ndoo kuukuu ya rangi uliyoisafisha vizuri, itoboe chini na ubavuni, utandike magazeti yaliyochanwa, kuloweshwa na kukamuliwa hadi maji yasitiririke. Weka kiganja cha udongo na nyungunyungu wenyewe, halafu maganda kidogo kidogo. Wanapenda joto la nyuzi 15 hadi 25, kwa hiyo baridi ya Julai ikianza waingize jikoni. Maganda ya ndizi, majani ya chai na maganda ya mayai yaliyopondwa wanayala; nyama na chakula chenye mafuta usiwape. Ndoo ikinuka, ujue umewalisha kupita kiasi: ongeza karatasi kavu, usubiri. Miezi michache baadaye, chini kunakuwa na mboji nyeusi inayonukia udongo wa msituni, na ganda hulioni tena.

Profesa Wangari Maathai, mtetezi wa mazingira mzaliwa wa Ihithe hapa Nyeri, alipofariki mwaka 2011 aliwekwa katika jeneza lisilo la mbao, kwa kuwa hakutaka mti ukatwe kwa ajili yake. Uaminifu wa namna hiyo, unaofika hadi kwenye mambo ambayo hakuna anayekukagua, ndio ninaoutamani jikoni. Sheria ya mwaka 2022 ya usimamizi wa taka inataka zinazooza zitengwe na nyingine, na ni sheria njema, lakini haiingii jikoni kwako usiku unapomenya viazi.

Na kama nyungunyungu wanakutia kinyaa, mpelekee ndoo yako ya maganda jirani mwenye migomba. Nyeri hatukosi jirani wa aina hiyo.