Marafiki wa kwenye gemu: tuwapime kwa mizani gani?

Wazazi wengi na walimu wa madrasa wananiuliza kuhusu vijana wanaokesha na simu wakicheza gemu na watu wasiowajua, kisha wakawaita watu hao marafiki. Zamani jibu langu lilikuwa fupi: hao si marafiki. Leo naandika kueleza kwa nini jibu lile limenishinda.

Nilikuwa nikimfundisha kijana mmoja wa kidato cha nne hapa Tanga. Alikuwa mchezaji wa gemu ya PUBG Mobile, iliyotoka mwaka 2018. Kwa wasioijua, wachezaji wapatao mia moja hushushwa kisiwani wakapambana mpaka kibaki kikosi kimoja. Kikosi kina watu wanne. Wanasemezana kwa maiki, wanagawana risasi na dawa, na mwenzao akiangushwa, mmoja wao hulazimika kuinama pale pale penye hatari ili amwinue. Kikosi cha kijana huyu kilikuwa na yeye, wawili wa Mombasa, na mmoja wa Muscat, mjukuu wa watu waliotoka Unguja, ambaye Kiswahili chake amekipata kwa bibi yake. Walicheza pamoja miaka miwili bila kuonana uso kwa uso.

Siku moja nilikuwa nikifundisha mada ya kuchagua rafiki. Nikasimulia kisa mashuhuri cha Sayyidna Umar bin Khattab (r.a.), pale mtu mmoja alipojitokeza kumdhamini mwenziwe kuwa ni mwema. Umar alimuuliza mambo matatu: kama ni jirani yake anayejua usiku na mchana wake, kuingia na kutoka kwake, kama amewahi kushughulika naye katika fedha, na kama amewahi kusafiri naye. Yule mtu alipokanusha yote matatu, Umar akamwambia kuwa basi hamjui.

Nikamgeukia kijana mbele ya wenzake. "Haya, hao wenzako wa kwenye simu unawajua kwa lipi katika hayo matatu?" Darasa zima likacheka. Akainamisha kichwa, akasema, "Ustadhi, lakini wananiuliza hali." Nikamwambia sauti ya kwenye simu si rafiki, tukaendelea na somo.

Haikupita miezi miwili, baba yake akafariki. Inna lillahi wa inna ilayhi raji'uun. Tulikwenda kumzika. Nilisimama safuni, nikampa mkono kijana, siku ya tatu ikasomwa hitma, tukala, tukatawanyika. Niliamini nimetimiza wajibu wangu.

Baada ya wiki tatu, kijana akiwa bado hajarudi shule, niliamua kwenda kwao. Ilinibidi niulize njia, kwa sababu siku ya maziko nilifuata jeneza kutoka msikitini, na nyumbani kwao sikuwahi kufika. Mama yake alinikaribisha barazani, akanisimulia.

"Mwalimu, sisi tulidhani mtoto anapoteza wakati tu. Usiku wa pili wa msiba hakuingia kwenye mchezo wao, wenzake wakapiga simu. Yule wa Muscat akampa baba yake simu, akanipa pole na kuniuliza tumepungukiwa na nini, kisha akatuma alichojaaliwa. Wale wa Mombasa wakapokezana, kila usiku mmoja anazungumza naye mpaka apate usingizi. Siku ya sita wakaja wenyewe na mjomba wao, basi mpaka Horohoro, wakavuka, wakalala hapa siku mbili. Nyumba ilikuwa imeshabaki tupu."

Ndugu msomaji, njiani kurudi nilijiuliza maswali ya Sayyidna Umar mimi mwenyewe. Kijana yule nimekaa naye darasani miaka minne. Je, najua usiku na mchana wake? Hata mlango wa kwao sikuujua. Nimeshughulika naye katika fedha? Hapana. Nimesafiri naye? Hapana. Kwa mizani ile niliyomhukumia, mimi ndiye nisiyemjua. Wale niliowaita sauti walijua kuingia na kutoka kwake kiasi kwamba usiku mmoja tu asipoingia wanauliza kulikoni. Kwenye fedha walijaribiwa, na safari waliifunga. Wao ndio waliofaulu mtihani wangu.

Kisa hiki si cha kwetu peke yetu. Mwaka 2014 huko Norway alifariki kijana aitwaye Mats Steen, mwenye umri wa miaka 25. Alikuwa na maradhi ya kurithi ya kudhoofika misuli, akiishi kwenye kiti cha magurudumu, na muda wake mwingi aliutumia kwenye gemu ya World of Warcraft kwa jina la Ibelin. Wazazi wake, waliompenda na kumuuguza, walihuzunika wakiamini kuwa mtoto wao anaondoka duniani bila rafiki. Baba yake alipotangaza msiba, barua zikaanza kumiminika kutoka nchi mbalimbali. Walioandika walieleza jinsi Mats alivyowasikiliza katika shida zao na kuwapa ushauri. Baadhi yao walisafiri kuhudhuria maziko. Kwa muda mrefu alikuwa amewaficha ugonjwa wake, na alipokuja kuwaambia hawakumtupa. Mwaka 2024 ilitoka filamu ya maisha yake. Hakuwa Muislamu, nami simleti hapa kama kigezo cha dini. Namleta kwa sababu wazazi wake walikuwa nyumba moja naye wasijue, kama mimi nilivyokuwa darasa moja na mwanafunzi wangu nisijue.

Na sisi Waislamu tusingepaswa kushangaa. Najashi, mfalme wa Uhabeshi, hakuwahi kuonana na Mtume (s.a.w.). Lakini aliwahifadhi Waislamu waliokimbilia kwake wakati Makka ilipowatesa. Siku aliyokufa, Mtume (s.a.w.) aliwatangazia Masahaba kifo chake, akamwita ndugu yao, akawapanga safu na kumsalia akiwa mbali. Undugu wao haukuhitaji macho kukutana. Ulithibitishwa na haki zilizotekelezwa.

Je, nasema basi kila anayecheza nawe ni rafiki? La hasha. Imam Ghazali katika Ihyaa Ulumid-Din ametofautisha kumpenda mtu kwa nafsi yake, kumpenda kwa manufaa ya dunia, kumpenda kwa manufaa ya akhera, na kumpenda kwa ajili ya Allah (s.w.). Wengi wa kwenye gemu wako katika fungu la pili. Wanakutaka kwa kuwa unalenga vizuri, na siku ukishuka kiwango watatafuta mwingine. Swali la kumuuliza mtoto ni hili: "Ukiacha kucheza leo, nani kati yao atakutafuta kesho?" Asiyetafuta ni mchezaji mwenzako tu, wala si dhambi, ila usimpe siri zako.

Hatari nazo zipo, tusizifiche. Mwanafunzi wangu mwingine alimpa nywila "rafiki" wa wiki moja, akaporwa kila alichokuwa nacho humo. Mtu mzima anaweza kujifanya mtoto. Matusi ni mengi. Kuna kununua masanduku usiyojua kilichomo, jambo linalonuka kamari. Na huyu kijana wangu mwenyewe, pamoja na wema wote wa wenzake, alikuwa akizipoteza Alfajiri kwa kukesha. Rafiki anayekuliza msibani na kukulaza saa ya swala bado ana deni kwako, nawe una deni kwake.

Lakini tujiulize wazee na walimu: kwa nini kijana aliyezungukwa na safu tano za swala kila siku atafute wa kumuuliza hali kwenye simu? Sisi tunasimama bega kwa bega, tukitoa salamu kila mtu anatafuta viatu vyake. Asipoonekana mtu wiki nzima, nani anabisha hodi kwao? Tumejua kuwakataza wao kuliko kuwauliza hali.

Kijana aliporudi shule nilimwomba radhi mbele ya darasa lile lile. Safari hii hakuna aliyecheka. Sikumkataza mchezo. Nilimtaka mambo mawili: mama yake awajue wenzake kwa majina na kwa wazazi wao, na mchezo usimame kwa swala na ufungwe mapema. Baada ya siku chache akaniambia wamekubaliana. Kwa kuwa Magharibi ya Muscat hututangulia, kikosi sasa husimama mara mbili: kwanza kumsubiri yule mmoja aswali, kisha wao watatu.

Tumuombe Allah (s.w.) atupe marafiki wa kheri na atujaalie kuwa marafiki wa kheri. Wallahu a'lam.