Mali Kauli

Pale Kariakoo mtu anaweza kutoka dukani na robota la khanga begani bila kutoa hata shilingi. Ukimuuliza kalichukuaje, jibu ni maneno mawili: mali kauli. Atauza kwanza, atapeleka fedha ya mwenye mali, kinachobaki ndicho chake. Hakuweka rehani hati ya nyumba wala kadi ya gari. Aliweka kauli yake.

Neno hili linanivuruga, maana nimekua nikiamini kwamba pesa ikiingia mlangoni, urafiki hutokea dirishani. Aristotle naye aliutenga urafiki wa manufaa na ule wa raha, akauweka juu ya yote urafiki wa watu wema wanaotakiana mema. Lakini mwenye mali kule Kariakoo anatafuta faida, wala hafichi, na bado amemwamini mwenzake kiasi ambacho ndugu wengi wa tumbo moja hawaaminiani.

Mwaka 1785 mwanafalsafa Kant aliandika kwamba binadamu asifanywe chombo tu cha kutimizia malengo ya mwingine. Uzito wote uko kwenye hiyo "tu". Hakutukataza kunufaika na mtu. Alitukataza kuishia hapo.

Hiyo "tu" niliiona siku moja ikishindwa, mbele ya gunia la mchele. Nilikuwa nimeshachota kiganja, nimenusa, noti iko mkononi. Mangi, mwenye duka wetu wa mtaani, akaweka kopo chini. "Dada, huu usichukue. Una chuya, halafu ukiupika unakuwa bokoboko. Ngoja kesho kutwa, unaingia wa Kyela." Akafunga mdomo wa gunia. Najua atakayesema ni mbinu ya kumshika mteja. Huenda nayo imo. Lakini jioni ile mauzo yake yalipungua kwa sababu ya wali ambao ungeharibika kwenye sufuria yangu, si yake.

Nyumbani tunalo neno letu la aina hiyohiyo. Tunalaumiana: "Hunitafuti mpaka uwe na shida." Shida si kosa, nani asiye nayo? Kinachouma ni hiyo "mpaka".

Rafiki yangu wa tangu shule alinipigia baada ya kimya cha miaka miwili, akaomba mkopo wa ada ya mtoto. Nilimtumia palepale kwa simu, na nikajiona mwema. Baadaye ndipo nilipokiri moyoni kwamba niliharakisha kutuma ili maongezi yaishe. Sikumuuliza mtoto yuko darasa la ngapi. Pesa ilikuwa njia yangu ya kumfungia mlango kwa adabu, na yule aliyetumiwa kama chombo hakuwa mimi.

Wiki iliyofuata nikampigia, sina la kudai wala la kuomba. Akapokea haraka, sauti ikiwa na hofu: "Kuna nini?"