Lafudhi ya Kuazima: Mama Kayai na Maadili ya Uigaji

Mjadala wa uigaji aghalabu huanzia kwa Plato, aliyehofu kwamba anayeiga tabia isiyo yake huishia kuwa nayo. Makala haya yanaligeuza swali hilo: uigaji humtenda nini yule anayeigwa? Kielelezo chetu ni Mary Khavere, Mama Kayai wa Vitimbi, mchezo wa vichekesho wa KBC uliojengeka tangu miaka ya 1980. Mhusika ni mke wa Kijaluo. Mwigizaji ni Mluhya. Mumewe wa mchezoni, Ojwang', aliigizwa na Benson Wanjau, Mgikuyu, aliyefariki Julai 2015. Wanjau ameandikwa sana. Khavere, aliyeigiza naye kwa miongo kadhaa, hutajwa kana kwamba ni kivuli chake tu.

Lugha ya Kijaluo haina sauti sh wala z. Ndipo shilingi ikawa silingi, na hadhira ikacheka. Mtazamaji wa Homa Bay ana haki ya kuuliza: anachekwa nani? Mtoto wa Oyugis au Rongo akitamka hivyo darasani husahihishwa. Jioni hulisikia kosa lilo hilo likishangiliwa. Kumjibu kwamba ni mchezo tu ni kumkwepa.

Hata hivyo, hoja kwamba lafudhi ni mali ya damu haisimami, hasa katika maeneo haya. Abasuba wa Rusinga na Mfangano walikuwa wasemaji wa lugha ya Kibantu. Vizazi vikapita, wengi wao wakawa wasemaji wa Kijaluo hata mgeni asiweze kuwatenga na Wajaluo. Huko Migori, Wajaluo, Wakuria na walowezi wa Kiluhya hukutana sokoni kwa Kiswahili chenye lafudhi zote. Nani atatoa hatimiliki ya silingi?

Tofauti ipo, nayo si ndogo. Msuba aliilipia lugha ile kwa kuipoteza yake. Mwigizaji huivua pamoja na kilemba chake kazi ikiisha. Kwa hiyo tunaona kwamba asili ya mwigizaji si kipimo cha kutosha. Yafaa tuulize mhusika amebakiwa na nini lafudhi ikiondolewa. Kwa Ojwang', nathubutu kusema, mara nyingine hubaki kidogo: matamshi yenyewe ndiyo kichekesho. Mama Kayai hubakiwa na hoja. Anapomkabili mumewe, kicheko humwangukia mwanamume mwenye majivuno, si ulimi wa mkewe. Maneno yake yangeuma vilevile kwa Kiswahili cha Lamu. Ikumbukwe pia kwamba lugha ya Kiluhya ni jamaa ya Kiswahili, hivyo Khavere alilazimika kuuficha ujamaa huo ili amvae mwanamke ambaye Kiswahili kwake ni lugha ya kujifunza.

Watazamaji wengi walisadiki kuwa Khavere na Wanjau ni mke na mume. Mwanafunzi wa Rongo huenda alisadiki hivyo pia, na bado mwalimu anamsubiri kesho na neno shilingi ubaoni.