Je, Mchukuzi Hana Hatia?

Mtu apewa mzigo uliofungwa vema, aupakie garini mwake na kuufikisha bandarini. Malipo yake yapita mno kiasi cha kazi. Haulizi mna nini ndani, wala mwenye mzigo hamwambii. Jioni arudi nyumbani, awaletea watoto sukari na madaftari, alala usingizi. Je, mtu huyu amekosa? Twawaletea wasomaji wetu swali hili, maana wengi hudhani jibu lake ni jepesi.

Tutazame habari ya pembe za ndovu. Mwaka 2009 Tanzania ilikadiriwa kuwa na ndovu kama 110,000. Hesabu ya mwaka 2014 iliwakuta kama 43,000 tu. Biashara ya pembe baina ya mataifa ilikuwa imekwisha kukatazwa kwa mapatano ya mwaka 1989. Walakini pembe zilitoka Selous na Ruaha, zikavuka bahari mpaka Asia. Ni nani aliyezipeleka? Twajibu upesi: majangili. Lakini jangili hana meli. Yuko aliyemwonyesha njia porini, aliyempa risasi, aliyebeba, aliyeendesha gari, karani aliyeandika kwamba sandukuni mna bidhaa nyingine, askari aliyegeuza uso, na huko ng'ambo mchongaji na mnunuzi. Wala tusiseme ni kazi ya wageni peke yao. Februari 2019 mahakama ya Kisutu, Dar es Salaam, ilipomhukumu mfanyabiashara mgeni kifungo cha miaka 15 kwa biashara hiyo, Watanzania wawili walihukumiwa pamoja naye.

Wataalamu wanaouchunguza uhalifu wa namna hii wametufundisha kwamba nguvu yake haimo katika ubaya wa mtu mmoja, bali katika kazi iliyogawanywa. Mapatano ya Umoja wa Mataifa yaliyotiwa sahihi Palermo, katika kisiwa cha Sisilia, Desemba 2000, yalitaja kundi la wahalifu kuwa ni watu watatu au zaidi, wanaoshirikiana kwa muda kutenda makosa makubwa kwa ajili ya faida. Mji ule ulifaa sana. Huko ndiko hakimu Giovanni Falcone alikoifuata mafia kwa kusoma hundi na hesabu za benki, mpaka washtakiwa zaidi ya 400 wakasimamishwa katika kesi iliyoanza mwaka 1986. Mwaka 1992 mafia walimwua kwa baruti barabarani, pamoja na mkewe na askari watatu. Lakini njia yake imebaki: ifuate fedha, nawe utaona imepita katika mikono mingi ya watu wanaoheshimiwa.

Hapo ndipo penye hila. Kazi hugawanywa ili faida ikusanyike. Hugawanywa pia ili hatia itawanyike. Kila mmoja apewa kipande kidogo hata dhamiri yake isishtuke. Mchukuzi asema, "Mimi sikuua." Karani asema, "Niliandika nilivyoambiwa." Mnunuzi asema, "Nilikuta mnyama amekwisha kufa." Wahenga walinena kwamba haba na haba hujaza kibaba, nasi twaona kwamba dhambi nayo hujazwa vivyo hivyo. Hatia haigawanywi kama nyama ya buchani, kila mtu akaenda zake na robo kilo.

"Lakini hakujua!" Basi tupambanue. Kuna kutojua kwa mtu asiyeweza kujua. Huyo hana lawama. Na kuna kutojua kwa mtu anayeogopa kuuliza, kwa kuwa jibu litamnyima malipo. Huyu wa pili amekwisha kujua ya kutosha. Malipo yenyewe yamemwambia.

Wengine watatuambia kwamba mchukuzi ni maskini, tena anaogopa. Ni kweli, na Mungu aliye hakimu wa haki hawezi kusahau njaa ya mtu wala hofu yake. Mkubwa aliyeupanga mpango wote, akaa salama na kuvuna faida iliyo nono, ndiye mwenye mzigo mzito kuliko wote. Lakini mzigo mwepesi nao ni mzigo. Padre Giuseppe Puglisi, paroko wa Brancaccio mjini Palermo, alijitahidi kuwatoa vijana katika mikono ya mafia; akauawa mbele ya nyumba yake tarehe 15 Septemba 1993, na Kanisa likamtangaza Mwenye Heri mwaka 2013. Hatudai kwamba kila baba wa nyumba afie dini kama yeye. Wengi wetu twadaiwa jambo dogo zaidi: kuuliza, "Humu mna nini?" na, tukinyimwa jibu, kuyaacha malipo mezani.

Nanyi wazazi, kijana wenu akirudi na fedha nyingi kuliko kazi yake, msifurahi kwanza. Muulizeni kwa upole zimetoka wapi. Swali hilo huenda likaipunguzia nyumba sukari ya juma moja. Lakini kundi kubwa la wahalifu litakuwa limepungukiwa na mkono mmoja, na mikono hiyo ndiyo inayolilisha.