Kamera ya Upande Mmoja

Kwani mpiga picha akichagua upande, picha zake zinakuwa uongo?

Mchukue Stevan Labudović. Alizaliwa Montenegro mwaka 1926, akafanya kazi Belgrade kwenye Filmske novosti, shirika la habari za sinema la Yugoslavia. Kwa miaka mingi kazi yake ilikuwa kumfuata Tito. Rais akisafiri kwa meli yake, Galeb, Labudović yuko. Tito anashuka, Tito anapokewa, Tito anapunga mkono. Tuseme ukweli tu: hiyo ilikuwa kazi ya kumng'arisha mkubwa.

Mwaka 1959 Tito akamtuma Algeria. FLN walikuwa wakipigana na Ufaransa tangu Novemba 1954, lakini Ufaransa ilishikilia ati hakuna vita, ni kurudisha utulivu tu. (Ilikubali rasmi kuiita vita mwaka 1999!) Labudović alikaa na wapiganaji hadi uhuru wa 1962. Kamera yake haiangalii kwa mbali kama ya mgeni. Iko katikati yao, inatembea nao. Mwaka 2022, Mila Turajlić alitoa filamu mbili zilizotokana na mikanda hiyo.

Sasa utasema: huyo alitumwa na serikali, hiyo ni propaganda. Sawa, ni propaganda. Lakini wale watu walikuwepo, na bunduki walikuwa nazo. Picha iliyopigwa kwa kuegemea upande ilisema kweli, na taarifa rasmi ya serikali yenye mahakama na magazeti ikadanganya.

Ila tusimfanye mtakatifu. Mei 1957, kabla hajafika, wapiganaji wa FLN waliua wanakijiji wapatao 300 huko Melouza, Waalgeria wenzao. Kamera inayokula na kulala na wapiganaji haiendi kuhoji wajane wa watu kama hao. Kwa hivyo maswali ni mawili, na tunayachanganya kila siku. La kwanza: kilicho ndani ya picha ni kweli? La pili: ndicho kila kitu? Mtu wa upande mmoja anaweza kujibu ndiyo kwa la kwanza. La pili hawezi, na anayejiita hana upande hawezi pia.

Nasema hivi nikiwaza vita vyetu vya miaka hiyo hiyo. Picha nyingi za Mau Mau tulizo nazo zilipigwa kutoka upande wa waliowakamata: mikono juu, nywele timutimu, askari pembeni. Msituni hakukuwa na Labudović. Tumejifunza kuwatazama babu zetu kwa macho ya waliowafunga.

Mimi basi nachukua kamera ya upande mmoja kuliko msitu usio na kamera. Lakini mwenye kamera hiyo akinionyesha kazi yake, bado nitamuuliza: ulikuwa umesimama wapi, na ulipoizima kulikuwa kunatokea nini?