Upitishe Mpira
Maandiko: Kumbukumbu la Torati 26:1-13, Luka 12:16-21

Kwa wale ambao hamkuwa nasi Jumapili iliyopita, huu ndio ujumbe tulioshiriki katika ibada ya pili.

Nataka niwapeleke Marekani kwanza, kwa mchezaji wa futiboli ya Kimarekani anayeitwa Jason Brown. Najua wengi wenu mchezo huo hamuujui. Usifikirie Harambee Stars. Fikiria raga, lakini wachezaji wamevaa helmeti na makinga ya mabega. Katikati ya mstari wa mbele kuna mtu anayeinama, anashika mpira ulio chini, kisha anaupitisha nyuma kati ya miguu yake hadi kwa mwenzake. Huyo anaitwa senta. Akishaupitisha, anabaki kusukumana na majitu yaliyo mbele yake ili mwenzake asiangushwe. Kufunga si kazi yake. Mashabiki wengi hata jina lake hawalijui. Anashika mpira kuliko karibu kila mtu uwanjani, lakini haukai naye. Ameushika ili aupitishe.

Hiyo ndiyo iliyokuwa kazi ya Brown. Alizaliwa 1983 katika jimbo la North Carolina, akachezea chuo kikuu cha jimbo lake, na 2005 akachukuliwa na Baltimore Ravens. Mwaka 2009 St. Louis Rams wakampa mkataba wa miaka mitano wa dola milioni 37.5. Mimi nilisomea biashara, kwa hivyo mtanisamehe nikipiga hesabu. Tukisema dola ni shilingi 130, hizo ni karibu shilingi bilioni 5. Wakati huo hakukuwa na senta mwingine aliyelipwa kumshinda.

Sasa nisikilize. Brown alikuwa na kaka mkubwa, mwanajeshi, aliyeuawa Iraq Septemba 2003. Kaka huyo alikuwa na miaka 27. Miaka ikaenda, Brown naye akafika 27. Nyumba kubwa iko, pesa ziko, jina liko. Amesimulia kwamba alijipima na kaka yake, aliyetoa uhai wake kwa ajili ya wengine, akajiuliza yeye ametoa nini. Jibu halikumpendeza.

Machi 2012 Rams wakamwachilia kabla mkataba haujaisha. Hapo tuwe wakweli, hakuamka tu asubuhi akaitupa kazi. Lakini timu nyingine bado zilimtaka, na angeweza kurudi uwanjani. Ajenti wake alimwambia anafanya kosa kubwa kuliko yote maishani. Brown akaenda kununua shamba la ekari 1,000 hivi karibu na Louisburg, North Carolina. Kilimo hakukijua. Alijifunza kwa kutazama video za YouTube na kuwauliza wakulima majirani. Shamba akaliita First Fruits, yaani malimbuko, kwa sababu aliahidi kwamba ya kwanza ya kila mavuno yatakwenda kwa wenye njaa.

Mwaka 2014 akavuna viazi vitamu pauni 100,000. Nimezigeuza hizo kwa magunia yetu ya kilo 90, ni kama magunia 500. Watu wa kujitolea wakaja kusaidia kuvuna, na viazi vyote vikaenda kwa wenye njaa. Mpendwa, si yale makombo ya mwisho. Si vile vidogo vidogo vilivyokosa soko. Alianza nao.

Basi swali langu kwako, na kwangu pia, ni hili. Malimbuko ni ya nani?

Utaniambia, "Pasta, malimbuko ni ya Bwana." Amina! Lakini tusome Kumbukumbu la Torati 26 hadi mwisho, tusiishie pale kapu linapowekwa mbele ya madhabahu. Mstari wa 2 unamwambia Mwisraeli achukue ya kwanza ya mazao yake, ayatie kapuni. Mstari wa 4 kuhani anapokea kapu. Ni sawa, siwaambii msitoe kanisani. Lakini mstari wa 11 unasema afurahie mema hayo pamoja na Mlawi na mgeni aishiye kwao. Na mstari wa 12 unapofika kwenye zaka, unawataja mgeni, yatima na mjane, na unataka washibe. Kuhani hakuwa mwisho wa safari ya kile kilichotolewa. Alikuwa kama senta. Anakishika ili akipitishe.

Hapo ndipo Neno lilinikamata mimi mwenyewe, na leo natubu mbele yenu.

Mnajua Januari tunatoa malimbuko. Na mnajua hesabu za kanisa napitia mimi. Januari moja, mama mmoja ambaye hufulia watu nguo alileta bahasha. Ndani mlikuwa na yote aliyopata mwezi ule. Nilipiga haleluya. Niliandika kiasi kile kitabuni kwa mkono wangu, nikageuza ukurasa.

Februari akaja ofisini. Mtoto wake alikuwa ameitwa kidato cha kwanza, na bado alikuwa nyumbani kwa sababu ya karo. Mama hakuniomba pesa. Alisema tu, "Pasta, niombee." Nikamwombea. Yalikuwa maombi mazuri, marefu, na mistari nikaitaja. Akasema amina, akashukuru, akaenda. Nikarudi kwenye kile kitabu cha hesabu. Ukurasa niliofungua ni ule ule wenye jina lake.

Wapendwa, nilikaa pale nikashindwa kuandika. Maana nilijua jinsi ya kupokea, nikajua jinsi ya kujumlisha, lakini kupitisha sikujua. Yule tajiri wa Luka 12 hakuambiwa aliiba. Shamba lake lilizaa vizuri, na kuzaa si dhambi. Shida ni kwamba hesabu yake yote ilikuwa na mtu mmoja tu: mimi, ghala zangu, mavuno yangu. Kanisa pia linaweza kujenga ghala namna hiyo, na likaimba sifa juu yake.

Yule kijana sasa yuko shuleni. Siwaambii hivyo ili mnipigie makofi, kwa sababu ilichukua wiki tatu, na wiki tatu za kidato cha kwanza hazirudi. Nilipomwendea mama kumwomba msamaha aliniambia, "Pasta, mimi nilimpa Mungu. Sikukupa wewe." Nikamjibu, "Ndiyo mama. Ndiyo maana nimeogopa."

Kuna mtu hapa anasema moyoni, mimi sina ekari 1,000. Mimi sina bilioni 5. Najua. Lakini una kitu cha kwanza. Mwenye duka ana mauzo ya kwanza ya asubuhi. Mwenye shamba ana debe la kwanza la mahindi. Mwenye boda ana pesa ya safari ya kwanza. Tatizo letu ni kwamba maskini tunamwekea kile cha mwisho. Nguo ikichakaa, tunasema ni ya watoto wa mayatima. Mahindi yakiingiwa na wadudu, tunamkumbuka mjane. Hayo si malimbuko, hayo ni kusafisha stoo.

Na tena, usitoe ukiwa umeshika risiti unamdai Mungu. Brown hajafanywa senta tajiri zaidi kwa kutoa viazi. Aliacha mshahara ambao angeweza kuupata, na sijui mhasibu yeyote angemshauri afanye hivyo. Alipata shamba, jasho, na watu wakala. Kama hiyo haikutoshi kuwa baraka, hebu turudi tujadiliane kuhusu msalaba.

Nimezungumza na mchungaji wetu mkuu, naye amebariki jambo hili. Kuanzia Jumapili ijayo kutakuwa na meza karibu na mlango. Lete gorogoro moja ya kwanza, ya mahindi, maharagwe, mchele, chochote unachokula wewe nyumbani. Akina mama wa ushirika wa nyumbani wanazijua nyumba ambazo moto haujawashwa jioni. Chakula kikifika mezani asubuhi, kisilale kanisani. Na malimbuko ya Januari yakija, kabla hatujanunua spika nyingine, tutauliza kwanza ni mtoto gani wa kanisa hili yuko nyumbani kwa kukosa karo.

Tuombe. Baba, umetuwekea mpira mkononi. Tusamehe pale tuliposhika tukakumbatia. Tufundishe kuinama, tufundishe kupitisha, hata jina letu lisipoimbwa. Mama aliyetoa yote asiende nyumbani na maombi peke yake. Katika jina la Yesu, Amina.